Rangi Isiyorudi: Suala la Kurejesha Michoro ya Ukutani ya Wakati wa Vita

Kitabu kikiungua Subukia, nakala yake yaweza kupatikana Nakuru. Mchoro wa ukutani hauna nakala. Ukuta ukianguka, nao umekwenda. Makala hii inajadili iwapo mchoro wa aina hiyo waweza kurejeshwa.

Mwaka 1937, Uhispania ikiwa vitani, serikali ya Jamhuri ilijenga banda katika Maonyesho ya Paris. Humo Picasso alionyesha Guernica, naye Joan Miró akachora Mvunaji, picha ya mkulima wa Katalunya mwenye mundu, yenye kimo cha mita 5.5 hivi. Guernica imehifadhiwa Madrid. Mvunaji ulipotea baada ya maonyesho kufungwa. Banda lilijengwa upya Barcelona mwaka 1992. Kuhusu Mvunaji, zimesalia picha za kamera zisizo na rangi. Anayeuchora upya ataweza kufuata umbo, ila rangi atazikisia.

Hapo ndipo penye kanuni. Mhariri wa miswada ya tenzi hajazi kimyakimya ubeti ulioliwa na mchwa. Huonyesha pengo, kisha hupendekeza. Vivyo hivyo, mrejeshaji wa mchoro hana budi kubainisha kilichothibitishwa na kilichokisiwa. Asipofanya hivyo, huwa ameunda kazi mpya na kuipa jina la marehemu.

Suala hili linaihusu Kenya pia. Wakati wa Hali ya Hatari (1952–1960), vibarua wengi Wakikuyu waliondolewa kwa nguvu katika mashamba ya walowezi ya Bonde la Ufa na kupelekwa katika maeneo waliyotengewa, mojawapo likiwa Fort Hall, yaani Murang'a ya leo. Huko, katika kanisa la Kianglikana lililojengwa kuwakumbuka Wakristo waliouawa katika vita vya Mau Mau, Elimo Njau alikamilisha mwaka 1959 michoro mitano, kuanzia Kuzaliwa hadi Kusulubiwa kwa Yesu. Yesu ni Mwafrika, na mandhari ni ya Ugikuyu. Wasomaji wa historia hiyo hawakubaliani kuhusu nani akumbukwe. Hivyo basi, ushahidi wenyewe unahitaji kulindwa zaidi.

Michoro kama hiyo ipimwe, ipigwe picha za rangi, na masimulizi ya wazee yaandikwe ingali imesimama. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Kwa mchoro, ukuta waweza kujengwa tena, rangi hairudi.