Ugali Unapokwama Kooni

Watu wa Kericho na Bomet hatuhitaji kufundishwa chai. Tunaipanda, tunaichuma, tunaibeba mgongoni hadi kituo cha kupimia, na jioni tunaipika pamoja na maziwa katika sufuria moja mpaka ipande ukingoni. Ndiyo sababu nikialikwa kanisani au kwenye baraza ya chifu kuzungumzia kansa ya koo, swali la kwanza huwa lilelile. Nimefanya kazi katika vyumba vya endoskopi vya eneo hili kwa miaka kumi na minne, nikiishika ile kamera inayoshuka kupitia mdomoni. Haya ni baadhi ya maswali niliyoulizwa msimu huu, na majibu ambayo saa ziliniishia kabla sijayamaliza.

Daktari, mimi ni mchuma chai wa Mogogosiek. Wanasema chai inaleta kansa ya koo. Niiache?

Usiiache. Jani halina kesi. Kesi iko kwenye moto. Mwaka 2016 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani, IARC, lenye makao yake Lyon, Ufaransa, liliviweka vinywaji vyenye joto linalozidi digrii 65 katika kundi la vitu vinavyoelekea kusababisha saratani. Halikutaja chai peke yake. Kahawa, hata maji matupu, yakiwa ya moto kiasi hicho yanaingia humo.

Ushahidi wa karibu na nyumbani upo. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Moi, Eldoret, akiwemo Diana Menya, walishirikiana na wenzao wa IARC kuwahoji wagonjwa zaidi ya 400 wa saratani ya umio, yaani lile bomba la chakula kutoka kooni hadi tumboni, pamoja na watu wengine karibu idadi hiyohiyo wasiokuwa na ugonjwa huo. Majibu yalichapishwa mwaka 2019: waliosema chai yao huwa ya moto sana walikuwa na hatari zaidi ya mara tatu ukilinganisha na wanaoinywa vuguvugu. Huko Kilimanjaro nako, wenzetu wa Tanzania walikwenda na kipimajoto na kuwapima watu wakiwa na kikombe mkononi. Kwa wastani walianza kunywa ikiwa karibu digrii 70. Wanywaji wa chai ya maziwa waliinywa ya moto kuliko wa strungi, kwa kuwa ya maziwa huchelewa kupoa.

Nilirudi nyumbani nikaijaribu yangu. Kwetu huku juu maji huchemka yakifika kama digrii 93, hayafiki 100, na mtu anaweza kudhani mwinuko unatusaidia. Wapi! Chai iliyokaa saa moja kwenye thamosi ilitoka ikisoma 82. Nikaiacha mezani katika kikombe cha bati, bila kifuniko. Baada ya dakika tano ilisoma 73. Baada ya kumi, 66. Na kumbuka, katika dakika hizo kumi mgeni wa Kipsigis amekwisha kunywa kikombe cha kwanza na ameongezewa cha pili. Umio hauna mishipa mingi ya kuhisi moto kama ulimi, basi tunapuliza juu, tunafyonza kwa kelele, na kinachoungua ni ndani.

Kwa nini sisi? Au ni hospitali zetu tu zinazoandika sana?

Kuandika kumesaidia kujulikana. Hospitali ya Tenwek, iliyoanzishwa na wamisionari mwaka 1937 nje kidogo ya mji wa Bomet, ilianza mapema kuhesabu, na mwaka 2002 daktari wa upasuaji Russell White na wenzake walichapisha taarifa fupi katika jarida la The Lancet kwamba saratani ya umio inawapata vijana wa Bomet. Hilo ndilo lililowashtua wasomaji, maana kwingi duniani ni ugonjwa wa wazee. Mwaka 2010 walieleza wagonjwa 109 wa Tenwek waliokuwa na umri wa miaka 30 au chini yake. Watu 109! Daktari wa Ulaya anaweza kustaafu bila kumwona hata mmoja wa umri huo.

Lakini si kwetu tu. Ukichora mstari kutoka Ethiopia ukashuka na Kenya, Tanzania na Malawi hadi Afrika Kusini, ugonjwa huu unaufuata. Wataalamu wanauita ukanda wa saratani ya umio.

Na mursik? Nimesikia Wazungu wanataka kutupiga marufuku.

Hakuna aliyepiga marufuku. Mwaka 2013 watafiti wa Finland na Uingereza, wakishirikiana na Tenwek, walichapisha vipimo vya mursik ya huku. Unajua inavyotengenezwa: maziwa yanachemshwa, yanapozwa, yanatiwa kwenye sotet, kibuyu kilichosuguliwa ndani kwa mkaa wa mti wa senetwet, kisha yanaachwa siku kadhaa. Humo ndani hawafanyi kazi bakteria peke yao, hamira za porini zimo pia. Hamira zinakula sukari ya maziwa na kutoa alkoholi kidogo, na alkoholi hiyo inageuka asetaldehidi, kemikali ileile ambayo mwili huitengeneza mtu akinywa pombe na ambayo huharibu vinasaba vya seli. Watafiti waliikuta kwenye mursik, wakaikuta pia kwenye mate ya watu waliokuwa wametoka kuinywa, kwa kiwango wanachokihesabu kuwa cha hatari.

Hapo habari ikaishia magazetini. Ila kupima kemikali kwenye kibuyu ni jambo moja, kuonyesha kwamba kibuyu hicho kimemuua mtu ni jingine. Watu wa Malawi hawajui mursik, na umio unawaua vilevile. Mimi nyumbani naipokea kikombe kimoja kwenye sherehe, sinywi jagi kila jioni. Huo ni uamuzi wangu, usiuchukue kama maandishi ya maabara.

Mama yangu alipika kwa kuni maisha yake yote. Moshi una lawama?

Nadhani hapa ndipo tungepaswa kupiga kelele kuliko kwenye mursik. Kuni zisipoungua sawasawa hutoa kemikali za masizi, zilezile zilizomo kwenye moshi wa sigara. Utafiti wa Tenwek uliochapishwa mwaka 2021, ambao Michael Mwachiro aliuongoza, ulipima mkojo wa wakazi na kuyatafuta humo mabaki ya kemikali hizo. Wanaopikia kuni ndani ya nyumba walikuwa nazo kwa wingi, hata wasiowahi kuvuta sigara.

Ingia jikoni kwa nyanya yako saa kumi na mbili jioni. Mawe matatu, dirisha dogo limezibwa na gunia kwa sababu ya baridi, dari imekuwa nyeusi inayong'aa kama lami, na mahindi ya mbegu yananing'inia juu ili moshi uyalinde na wadudu. Moshi huo huwaua wadudu. Jiko lenye dohani si anasa, na kama pesa haipo, toa hilo gunia dirishani.

Wanaume wanalaumu chai. Mbona hawataji chang'aa?

Asante, mama. Utafiti uleule wa Eldoret uliitaja, pamoja na busaa. Kwa wanaume, pombe ina sehemu kubwa sana ya lawama. Ugoro na sigara pia vimo.

Baba alikufa nayo, shangazi pia. Ni damu yetu?

Familia za namna hiyo tunazo nyingi. Tatizo ni kwamba ndugu hurithishana vinasaba, na pia hurithishana sufuria, jiko na namna ya kunywa chai. Kutenganisha hivyo viwili ni kazi ngumu. Kwa upande wako haibadilishi kitu: wewe ni wa kwanza kwenye foleni ya kupimwa.

Walikuja wakachukua damu na nyama ya wagonjwa, wakaenda. Jibu liko wapi?

Swali hili liliulizwa kwa hasira, na nililipenda. Jibu lilitoka mwaka 2021 katika jarida la Nature Genetics, ila halikuwa lile watafiti walilotarajia. Wanasayansi walisoma vinasaba vyote vya uvimbe 552 kutoka nchi nane. Kenya, Tanzania na Malawi zilikuwemo, pia Iran na China ambako ugonjwa ni mwingi, na Uingereza na Japani. Wazo lilikuwa hivi: sigara huacha alama yake kwenye vinasaba vya pafu, jua huacha yake kwenye ngozi, basi kama kuna sumu moja inayotumaliza sisi, alama yake itaonekana kwetu na haitaonekana Uingereza.

Haikuonekana. Uvimbe wa mtu wa huku na uvimbe wa Mwingereza ulifanana kuliko walivyodhani. Maana yake ni kwamba chochote kinachozidisha ugonjwa huku huenda hakichani vinasaba moja kwa moja. Huenda kinaunguza na kuchubua, siku baada ya siku, na seli zinazokimbizana kuziba jeraha ndizo zinazokosea hatimaye. Chai ya digrii 80 inaingia vizuri katika maelezo hayo, ingawa sitakuambia kwamba yamethibitishwa.

Dalili ya kwanza ni ipi?

Chakula kinakwama, na huanza na kigumu. Kipande cha nyama, kisha ugali mkavu, kisha ugali wenye mchuzi, baadaye uji, na mwisho hata mate. Umio hunyumbuka, kwa hiyo uvimbe unaweza kuziba sehemu kubwa ya njia kabla hujahisi lolote. Ukianza kusukumia ugali kwa maji, umechelewa tayari, lakini hujachelewa kama utakavyokuwa mwezi ujao.

Na huo mwezi tunaupoteza wenyewe. Namkumbuka mama mmoja wa miaka 34 aliyefika kwetu na mfuko wa plastiki uliojaa pakiti tupu za dawa za vidonda vya tumbo. Alikuwa amepita kwenye maduka ya dawa matatu na zahanati moja, na kila mahali alimweleza mtu kwamba chakula kinakwama, akionyesha kwa kidole hapa, katikati ya kifua. Hakuna aliyemuuliza kinakwama vipi. Miezi mitano iliishia kwenye mfuko ule. Siku hizi nikikutana na wahudumu wa afya ya jamii huwaomba waulize swali moja tu wakiwa nyumbani kwa watu: kuna mtu hapa anayekula polepole kuliko alivyokula Krismasi?

Hiyo kamera inauma? Na inaona nini?

Haiumi, inakera. Unapuliziwa dawa ya ganzi kooni, unalala ubavu wa kushoto, na kwa dakika chache unatamani kutapika. Hupasuliwi wala hushonwi.

Ninachopenda kueleza ni rangi. Unakumbuka shuleni mwalimu alivyodondoshea kiazi ayodini kikageuka rangi? Sisi tunafanya karibu hivyohivyo ndani ya umio. Tunanyunyizia maji ya ayodini yenye jina la daktari Mfaransa, Lugol, yaliyoanza kutengenezwa mwaka 1829. Seli nzima za umio huhifadhi glikojeni, aina ya wanga, nayo ikikutana na ayodini inageuka kahawia. Seli zilizoanza kupotoka zimeitumia akiba yao yote, kwa hiyo hazishiki rangi. Kwenye skrini ukuta wote unakuwa kama mbao iliyopakwa vanishi, kisha unaona doa la manjano hafifu. Hapo ndipo tunaponyofoa kipande cha kupeleka maabara.

Tenwek waliwapima hivyo wakazi 305 ambao hawakuwa na dalili yoyote, watu waliokuwa wakila nyama choma bila shida. Matokeo ya mwaka 2016: asilimia 14.4, karibu mmoja katika kila saba, walikuwa na seli zilizoanza kupotoka. Wengi walikuwa katika hatua nyepesi, ambayo inaweza isiendelee. Wachache walikuwa wamesogea mbele, na hao ndio wanaoweza kutibiwa kupitia kamera hiyohiyo kabla haijawa saratani. Kumpima kila mtu mzima wa kaunti mbili hatuwezi, mashine na mikono havitoshi. Ila mwenye ndugu aliyekufa nayo asingoje kualikwa.

Mama amewekewa stenti wiki iliyopita. Ale nini, na atapona?

Nianze na la pili, maana ndilo ulilolisema kwa sauti ndogo. Stenti haitibu. Ni kibomba cha wavu wa chuma kinachoingizwa kikiwa kimebanwa, kikifika kwenye uvimbe kinajifungua chenyewe na kuutanua. Tenwek walijifunza kukiweka kwa kuongozwa na endoskopi, bila mashine ya eksirei ya moja kwa moja ambayo hospitali nyingi hazina, na wakawafundisha wengine. Taarifa yao ya mwaka 2009 ilihusu zaidi ya wagonjwa 500: wengi waliokuwa hawamezi hata uji walirudi kula, na nusu ya waliofuatiliwa hadi kifo waliishi siku 250 au zaidi. Panga mambo ya familia ukiijua hesabu hiyo, wala usimfiche mama kama yeye mwenyewe anauliza.

Kuhusu chakula: siku za mwanzo uji, supu, maziwa, ndizi ya kupondwa. Baadaye ugali laini, matonge madogo, na mboga zikatwe fupi sana, kwa sababu uzi mrefu wa mboga kama isageek unanasa kwenye wavu. Nyama isagwe. Ale akiwa ameketi wima, na akae hivyo saa moja baada ya kula. Akimaliza anywe maji ya vuguvugu au soda kidogo, viputo husafisha njia. Kikiziba tena, msisukume kwa chakula kingine, mrudisheni hospitali.

Umeniuliza pia kama bado anaruhusiwa chai. Mpikie, na maziwa kama alivyozoea. Imimine mapema, uiweke kando mkizungumza.