Jinsi Mji wa Gede Unavyosomwa Katika Udongo

Wasomaji wengi wa Malindi na Watamu wamepata kupita karibu na magofu ya Gede, yaliyomo msituni kiasi cha kilomita 16 kusini ya Malindi. Ukuta wake wa nje ulizunguka ekari 45 hivi, na ndani yake mna msikiti mkubwa, jumba la mtawala, nyumba za mawe, visima na makaburi. Ajabu ni kwamba Wareno, waliofika Malindi mwaka 1498 na kukaa huko karibu miaka mia, hawakuutaja mji huu kwa jina hili. Basi mji usioandikwa hujulikanaje?

Aliyeishika kazi ya kuujua ni Mwingereza mmoja, James Kirkman. Mwaka 1948 aliwekwa kuwa mwangalizi wa magofu, akayachimbua kwa miaka kumi. Kisha akahamia Mombasa kuchimbua Fort Jesus, akakaa huko mpaka alipostaafu mwaka 1972. Alichimbua pia Mnarani huko Kilifi, na Ungwana karibu na mlango wa Mto Tana. Siku alizoanza, mizizi ya miti ilikuwa imezishika kuta za Gede, na watu wa jirani hawakupenda kuingia humo kwa hofu ya pepo.

Njia yake haikuwa ya kutafuta hazina. Tazama jalala lililo nyuma ya nyumba: taka za jana ziko juu, za mwaka juzi ziko chini yake, na za siku za babu ziko chini kabisa. Mchimbaji wa mambo ya kale huondoa udongo tabaka kwa tabaka, akiandika kila kitu kimetoka tabaka gani. Lakini tabaka husema tu kipi kilitangulia na kipi kilifuata, mwaka halisemi. Wanaochunguza miji ya Wamaya, iliyomezwa na misitu huko Meksiko na Guatemala, wanazo nguzo za mawe zilizochongwa tarehe. Gede ina kaburi moja lenye tarehe, nayo ni mwaka 802 wa Hijra, yaani 1399. Kaburi hilo likawa kigingi. Kilicho chini ya msingi wake hakina budi kuwa cha kabla ya mwaka huo. Vyombo vya Kichina navyo vilisaidia sana, kwa kuwa namna zake na rangi zake zajulikana zilitengenezwa zama zipi. Nyumba akazipa majina kwa vitu vilivyookotwa ndani, kama Nyumba ya Mkasi na Nyumba ya Sanduku la Chuma.

Kwa nini watu walihama? Wengine hutaja Wazimba, walioipiga pwani hii mwaka 1589. Wengine mashambulio ya Waoromo. Lakini kisima kilicho kando ya msikiti mkubwa kiliongezwa kina, ishara ya kwamba maji yalikuwa yakishuka. Sisi twauona ushahidi wa kisima kuwa na nguvu, maana umo ardhini pale pale.

Liko jambo kubwa ambalo Kirkman hakulipatia. Kitabu chake cha mwaka 1954 chauita Gede mji wa Waarabu. Macho yake yalivutwa na mawe na vyombo vya ng'ambo. Kumbe vigae vilivyo vingi kuliko vyote ni vya vyungu vilivyofinyangwa hapa hapa pwani, na nyumba za mawe zilizungukwa na nyumba za udongo na makuti, zisizoacha kuta. Huko Shanga, katika kisiwa cha Pate, Mark Horton alianza kuchimbua mwaka 1980. Chini ya msikiti wa mawe akakuta misikiti ya miti na udongo, mmoja chini ya mwingine, hata karne ya 8. Mji ule haukushushwa jahazini. Ulikulia papo hapo. Wageni walikuja kweli, wakaoa. Uchunguzi wa mifupa ya makaburi ya miji kadha ya pwani, uliotolewa mwaka 2023 na Chapurukha Kusimba pamoja na wenzake, ulionyesha kuwa wengi wa waliozikwa walitokana na Waafrika kwa upande wa mama, na kwa upande wa baba wengi walitokana na Waajemi.

Hata hivyo Kirkman aliviandika vigae vya kienyeji pia, ijapokuwa hakuvipa uzito unaostahili, na waliomfuata walipata pa kuanzia.

Julai 2024 Gede iliingizwa katika orodha ya UNESCO ya urithi wa dunia. Sehemu kubwa ya miji ya kale ya pwani ingali chini ya minazi na mihogo. Mtu akilima akaona kigae chenye rangi, au jiwe la msingi, asiking'oe kwenda kukiuza wala kukipamba nyumbani; akiache mahali pake, awaarifu watu wa Makumbusho ya Taifa. Kigae kilichokwisha toka katika tabaka lake hakiwezi tena kusema kilitangulia nini wala kilifuata nini.