Mguu Uliovunjika na Namba Yake

Katika lugha ya Kiswahili neno "mguu" hubeba mzigo mkubwa. Mguu huanzia nyongani na kuishia kwenye ncha za vidole. Kwa hiyo mtu akisema kwamba kijana fulani amevunjika mguu, wasikilizaji humwonea huruma, lakini hawajui ni mfupa gani uliovunjika. Katika mazungumzo ya kawaida jambo hilo halina madhara. Katika hospitali lina madhara, kwa kuwa maneno ya daktari hugeuzwa kuwa namba, na namba hizo ndizo zinazosaidia kupanga dawa, vifaa na vyumba vya upasuaji.

Asili ya namba hizo

Mwaka 1893 mtakwimu Mfaransa, Jacques Bertillon, aliwasilisha mjini Chicago orodha ya sababu za vifo ili mataifa yaweze kulinganisha takwimu zao. Orodha hiyo ilirekebishwa mara kwa mara. Mwaka 1948, chini ya Shirika la Afya Duniani, toleo la sita liliingiza pia magonjwa na majeraha yasiyoua. Toleo la kumi lilipitishwa mwaka 1990, na toleo la kumi na moja likaanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022. Hata hivyo, nchi huhamia toleo jipya kwa hatua, na lile la kumi lingali likitumika katika nchi nyingi. Mifano iliyomo humu imetolewa katika toleo hilo la kumi.

Jinsi namba inavyojengwa

Mvunjiko wa mguu chini ya goti huandikwa S82. Herufi S huonyesha jeraha la sehemu moja ya mwili. Tarakimu 8 huonyesha mahali: goti na muundi, yaani sehemu iliyo kati ya goti na kifundo cha mguu. Tarakimu 2 huonyesha aina ya jeraha: kuvunjika kwa mfupa. Kwa utaratibu huo huo S02 ni mvunjiko wa mifupa ya kichwa, na S72 ni mvunjiko wa mfupa wa paja. Mwanafunzi aliyeelewa ufunguo huu hana haja ya kukariri orodha nzima.

Baada ya nukta hufuata tarakimu inayotaja sehemu ya mfupa:

S82.0 – pia ya goti
S82.1 – ncha ya juu ya tibia
S82.2 – sehemu ya kati ya tibia
S82.3 – ncha ya chini ya tibia
S82.4 – fibula peke yake
S82.5 – nundu ya ndani ya kifundo cha mguu
S82.6 – nundu ya nje ya kifundo cha mguu
S82.7 – mivunjiko mingi ya muundi
S82.8 – sehemu nyingine za muundi
S82.9 – sehemu haikutajwa

Hapa pana mtego. Tibia, ule mfupa mnene wa goko, na fibula iliyo nyembamba mara nyingi huvunjika pamoja. Karani asiyezoea huona mifupa miwili na kuandika S82.7. Hilo ni kosa. Tibia ikivunjika katikati, namba hubaki S82.2, fibula iwe imevunjika pamoja nayo au haikuvunjika. Tibia ndiyo inayobeba sehemu kubwa ya uzito wa mwili, nayo ndiyo inayotangulia katika uainishaji. S82.4 hutumika tu pale fibula inapovunjika peke yake.

Neno moja lisilosemwa

Tarakimu ya tano inaweza kuongezwa: 0 kwa mvunjiko uliofunikwa na ngozi, na 1 kwa mvunjiko wazi, yaani wenye jeraha linalofika kwenye mfupa. Tofauti hii ni kubwa. Upande wa ndani wa tibia hauna msuli wa kuukinga. Mtu akipapasa goko lake ataugusa mfupa mara tu chini ya ngozi. Ndiyo sababu tibia inapovunjika kwa kishindo, ngozi huweza kupasuka kwa urahisi, na vijidudu hupata njia ya kuingia. Mgonjwa huyo huhitaji dawa za kuua vijidudu mapema na kusafishwa jeraha katika chumba cha upasuaji. Akicheleweshwa anaweza kupata uambukizo wa mfupa, na pengine kupoteza mguu.

Sasa, daktari asipoandika kama mvunjiko ni wazi au umefunikwa, karani hufanyaje? Kanuni ya toleo la kumi ni kwamba mvunjiko huo uhesabiwe kuwa umefunikwa. Maana yake ni kwamba ukimya wa daktari daima huegemea upande mmoja: huficha majeraha ya hatari zaidi.

Ichukuliwe, kwa mfano wa hesabu tu, kwamba hospitali moja imetibu mivunjiko 40 ya sehemu ya kati ya tibia, na 12 kati yake ilikuwa wazi, yaani asilimia 30. Iwapo katika vyeti 5 neno "wazi" lilisahauliwa, taarifa itaonyesha mivunjiko wazi 7 tu, yaani asilimia 17.5. Mwenye kuagiza dawa kwa kuifuata taarifa hiyo ataagiza pungufu, ingawa hakuna aliyeandika uongo.

Ukimya ukizidi, hasara huzidi. Cheti kinachosema "amevunjika mguu" bila zaidi hakifikii hata S82. Hupewa T12, mvunjiko wa mguu usiojulikana ni wapi. Karani haruhusiwi kubahatisha. Wajibu wake ni kumrudia daktari na kuuliza.

Chanzo cha ajali

Namba ya pili hueleza jeraha lilipatikanaje. Mtoto aliyeanguka kutoka juu ya mwembe hupewa W14. Mtembea kwa miguu aliyegongwa na pikipiki huingia katika kundi la V02. Mfupa unaweza kuwa ule ule, lakini kinga ni tofauti: mmoja ni wa kuonywa nyumbani, mwingine anahitaji barabara iliyo salama. Toleo la kumi na moja limeuweka mvunjiko wa muundi katika NC92, nalo huruhusu kuambatanisha namba za ziada, kama vile za upande wa kulia au wa kushoto. Hata hivyo, hakuna toleo litakaloweza kuhesabu jambo ambalo halikuandikwa.

Maswali

1. Ikiwa tarakimu 5 baada ya S huonyesha kiwiko na kigasha, S52 ni jeraha gani?
2. Msichana aligongwa na pikipiki akitembea. Tibia na fibula zote zimevunjika katikati, na mfupa unaonekana kupitia jeraha. Andika namba ya mvunjiko kwa tarakimu zote, na kundi la chanzo chake.
3. Cheti kimeandikwa "mvunjiko wa muundi". Karani amuulize daktari maswali gani kabla ya kuandika namba?