Usiende Ukumbini Ukisubiri Kilio

Ukikata tiketi ya okestra hapa Toronto, huenda ukakuta kwenye programu kazi ya mtunzi aliyeandika akiwa kifungoni au uhamishoni. Wengi huenda wakitarajia maombolezo. Wasipoyasikia, hudhani hawakuelewa. Jiandae hivi.

1. Sikiliza kabla ya kusoma. Jaribu na Study for Strings ya mtunzi Pavel Haas, inayopatikana mtandaoni. Haifiki dakika kumi. Fidla zinafukuzana, mdundo unasukuma mbele. Hakuna kilio.

2. Sasa soma: lini, wapi, mbele ya nani? Ilipigwa mwaka 1944 na wafungwa wa Kiyahudi katika ghetto ya Theresienstadt, ikiongozwa na mfungwa mwenzao, Karel Ančerl. Wanazi wakaitia kwenye filamu ya propaganda, ili dunia iamini kwamba mle watu wanaishi raha. Oktoba mwaka huohuo Haas aliuawa Auschwitz. Irudie kazi ile. Uchangamfu uliowafaa waongo ulikuwa pia mali ya wafungwa wenyewe. Aliyepita kambi ya wakimbizi, awe wa Uvira au Bujumbura, hashangai: huko nako harusi hufungwa na ngoma hupigwa.

3. Wafuate wapigaji, si mtunzi peke yake. Ančerl alinusurika, mkewe na mwanawe waliuawa. Baada ya vita alizipata nota za wapigaji, na kazi ya Haas ikafufuka. Majeshi ya Kisovieti yalipoivamia nchi yake, Czechoslovakia, mwaka 1968, alihama, akaongoza Okestra ya Simfoni ya Toronto kuanzia 1969 hadi alipofariki mjini humu mwaka 1973. Enzi hizo okestra ilikuwa ikipiga Massey Hall.

4. Watafute wanaofukua kazi zilizozimwa. Kundi la ARC Ensemble, la chuo cha Royal Conservatory hapa mjini, hurekodi watunzi waliofukuzwa na Wanazi. Mmoja wao ni Walter Kaufmann, aliyekimbilia Bombay mwaka 1934, kisha akaja Kanada na kuongoza okestra ya Winnipeg.

5. Ukumbini, tulia. Hapa si kwenye taarabu. Hakuna kuinuka kumtunza mpigaji. Kazi moja huweza kuwa na sehemu kadhaa, na kimya cha katikati si mwisho. Piga makofi kondakta akishashusha mikono na kuwageukia wasikilizaji.

6. Mkitoka, msiulizane nani kalia. Ulizaneni: wapigaji walikuwa huru kiasi gani, na ni nani aliyefaidika walipopiga vizuri? Swali hilo linafaa pia kwa kila bendi mliyowahi kuiona ikitumbuiza jukwaani mbele ya mtawala.