SOMO: JUA NA KIVULI KWA MITI YENYE MAJANI MABICHI SIKU ZOTE

Ninyi mnaokaa katika vijiji vya kandokando ya Likasi, sikieni somo hili juu ya miti ya kupamba uwanja: mwembe, mti wa avoka, sipre, na mingine isiyopukutisha majani yake yote kwa wakati mmoja. Watu wengi huipanda wakati wa mvua, nayo huanza vizuri. Lakini mwezi wa Septemba na Oktoba mingi huonekana imekauka. Mwenyewe husema: «Udongo ni mbaya,» au: «Mchwa wameila.» Pengine ni kweli. Lakini mara nyingi mti umeuawa na jua, au umedhoofishwa na kivuli. Basi tujifunze kipimo cha vyote viwili.

1. Jua lafanya kazi gani katika mti?

Jani ni jiko la mti. Mwanga wa jua ni moto wake. Pasipo mwanga jani halipiki chakula, na mti hauna nguvu ya kutoa maua wala matunda. Lakini jani likipika, hufungua vitundu vidogo sana, na maji ya mti hutoka humo kama mvuke.

Miombo mingi ya porini hupukutisha majani kiangazi, hivyo hupunguza kupoteza maji. Mwembe haufanyi hivyo. Unabaki na majani yake, unaendelea kunywa, hata mvua zikiisha kabisa. Mwembe mkubwa una mizizi mirefu. Mche wa miezi sita una mizizi ya shubiri chache tu. Kwa hiyo jua lile lile linalolisha mti mkubwa laweza kuua mtoto wake.

2. Jua linapita wapi?

Jipimie mwenyewe. Simika fimbo ya metre moja, imara na wima, mahali pa wazi. Tazama kivuli chake saa sita mchana.

Mwishoni mwa Juni kivuli kitaelekea kusini, urefu wake karibu sentimetre 68. Mwishoni mwa Desemba kitaelekea kaskazini, karibu sentimetre 22 tu. Karibu na tarehe 22 Oktoba na tarehe 20 Februari fimbo haina kivuli, kwa maana jua liko juu ya kichwa.

Fahamu maana yake. Ukuta wa metre 3 wafunika metre 2 za ardhi upande wa kusini mwezi wa Juni, lakini katika Oktoba hausaidii kitu saa sita. Na Oktoba ndiyo mbaya: joto ni kali, na mvua bado. Wakati ule mche wahitaji kufunikwa juu, na tena upande wa magharibi, kwa sababu ya jua la alasiri.

3. Miti si ya tabia moja

(a) Sipre na kalitusi hutaka jua tupu. Ukipanda sipre chini ya mwembe, matawi ya chini yatakufa. Tawi la sipre likiisha kubaki mti mtupu, halichipui tena.

(b) Mwembe na avoka hupenda kivuli chepesi katika utoto, na jua lote zikikua. Avoka ina ganda laini. Jua kali likipiga shina lililo wazi, ganda huungua na kupasuka. Chukua chokaa, kama ile ya mawe ya Kakontwe, uichanganye na maji mengi, upake shina. Weupe hurudisha jua.

(c) Mbuni wa kahawa, pamoja na maua yake meupe, huvumilia kivuli cha miti mingine. Huo waweza kukaa chini ya mti mkubwa.

4. Kazi ya kufanya

Kwanza: Jengea kitalu kichanja cha nyasi, nusu ya jua ipite.

Pili: Wiki tatu kabla ya kupanda, ondoa theluthi moja ya nyasi kila wiki. Usiondoe zote siku moja. Jani lililozaliwa kivulini ni pana na jepesi. Ukilitoa juani ghafula, hugeuka jeupe, kisha kahawia.

Tatu: Panda mvua zikiisha kushika. Mawingu ya Desemba ni kivuli cha bure.

Nne: Mvua zikikoma, tandika nyasi kavu chini, zisiguse shina. Simika matawi upande wa magharibi, na juu weka kifuniko chepesi mpaka mvua zirudi. Mwaka wa pili, ondoa kidogo kidogo.

Tano: Kama mti uko kando ya barabara ya malori ya madini, osha majani. Vumbi jekundu huzuia mwanga. Mti husimama juani, nao una njaa.

5. Mfano wa porini

Sisi wa Katanga tunao msitu wetu wa majani mabichi, ndio muhulu. Miti yake midogo huanza chini ya kivuli cha mikubwa. Ng'ambo ya mpaka, kule Ndola katika Zambia, wataalamu walianza jaribio mwaka 1933. Sehemu ya pori iliyochomwa kila mwaka mwishoni mwa kiangazi ilibaki nyasi na miti michache. Sehemu iliyokingwa moto ilijaa vichaka vya majani mabichi chini ya miombo.

Basi mtu akikata miti yote kwa makala, kisha akachoma nyasi, ameua na mlezi pia. Uacheni hata miombo michache kandokando ya kijiji. Chini yake mtapata mahali pa kitalu, wala hamtahitaji kichanja kikubwa.

Maulizo

1. Kwa nini mwembe mchanga hufa kiangazi, na mkubwa haufi?
2. Mwezi wa Juni, kivuli cha nyumba yako huangukia upande gani saa sita?
3. Ni mti gani usiopandwa chini ya mwingine?
4. Nyasi za kitalu huondolewa kwa wiki ngapi?
5. Pimeni kwa fimbo uwanjani mwenu, mwonyeshane: mche wa avoka utawekwa wapi?