Maana ya Neno "Kiyama"

Mtoto akivunja chungu, huambiwa: "Leo kiyama chako!" Upepo ukiezua mapaa, watu husema kiyama kimefika. Hivyo neno hili limezoeleka masikioni mwetu kama jina la maangamizi. Yafaa tulitazame asili yake, kwa kuwa anayekosea neno la imani aweza kuikosea na imani yenyewe.

Kiyama ni neno la Kiarabu, na mzizi wake una maana ya kusimama, kuinuka. Pwani yetu inao ndugu zake: makamu, ambalo kwa asili ni mahali pa kusimama, na kaimu, yaani asimamaye mahali pa mwingine. Mtu apitaye karibu na msikiti katika Mji Mkongwe wa Unguja husikia sala ikikimiwa ili watu wasimame safu. Tamko hilo nalo ni la mzizi uo huo. Jirani zetu Waislamu huiita Kiyama ile siku ambayo wafu watasimama mbele ya Mungu, na sura ya 75 ya Kurani ina jina hilo.

Wakristo wasemao Kiarabu nao hulitumia. Kanisa lililojengwa penye kaburi la Bwana wetu mjini Yerusalemu wao huliita Kanisa la Kiyama. Je, kama neno hili lingekuwa na maana ya maangamizi tu, nani angelipa jina hilo kanisa la kaburi lililokutwa tupu?

Injili ziliandikwa kwa Kiyunani, na neno lake, anastasis, lina maana iyo hiyo: kuinuka, kusimama tena. Ndiyo maana katika Biblia ya Kiswahili ya mwaka 1952, Masadukayo wa Injili ya Mateo, sura ya 22, ni watu wasiosadiki kiyama, yaani ufufuko wa wafu.

Hatusemi kwamba hukumu haipo. Bwana wetu mwenyewe, katika Injili ya Yoane, sura ya 5, afundisha kwamba wote waliomo makaburini watatoka: waliotenda mema wapate uzima, na waliotenda maovu wapate hukumu. Lakini wema na waovu, wote watasimama kwanza.

Je, wasio na kaburi? Swali hili si geni Unguja. Usiku wa kuamkia tarehe 10 Septemba 2011, meli ya Spice Islander, iliyokuwa ikitoka Unguja kwenda Pemba, ilizama katika mkondo wa Nungwi. Wengi waliokufa hawakuonekana tena, na jamaa zao hawana mahali pa kuweka ua wala kusimama kuomba. Siku zile watu walisema kiyama kimeshuka. Lakini kitabu cha Ufunuo, sura ya 20, chatuambia kwamba siku ya mwisho bahari nayo itawarudisha wafu wake. Hicho ndicho kiyama.

Basi, wazazi wapenzi, tusilifanye neno hili kuwa fimbo ya kuwatishia watoto. Mwezi wa Novemba, tuwaombeapo marehemu wetu, tuwafundishe kwamba Kiyama ni siku ambayo waliolala watasimama, hata wale ambao sisi hatukuweza kuwazika.