Mkopo wa Nyumba: Deni Moja Lilipwalo Mara Tatu

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake, na sahaba zake. Ama baada ya hayo:

Tumeulizwa swali na ndugu yetu mmoja wa hapa Osiri, naye ni mwalimu wa shule. Asema kwamba benki imekubali kumkopesha shilingi 3,000,000 anunue nyumba katika mji wa Migori, kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, naye alipe kidogo kidogo kila mwezi kwa muda wa miaka 20. Nyumba yenyewe itakuwa rahani mpaka deni lishe. Atuuliza mambo mawili: Je, jambo hili lafaa katika sheria yetu? Na je, lina faida kwake na kwa watoto wake?

Tumeona bora tuanze na hilo la pili. Watu wengi huisikia hukumu ya riba tangu utotoni, wakaihifadhi kwa ulimi, wala wasione ni kitu gani walichokingwa nacho. Mtu akiifanya hesabu kwa mkono wake mwenyewe, hukumu humwelea.

Hesabu yenyewe

Ukimuuliza mwenye kukopa, "Nyumba yako ni bei gani?" atakujibu kwa malipo ya mwezi. Aijua bei ya mwezi, bei ya nyumba haijui. Ajabu ni kwamba mchimbaji wa Osiri hakubali kuuza chembe ya dhahabu mpaka aione mizani kwa macho yake, lakini huyo huyo aweza kutia sahihi karatasi za miaka 20 bila ya kupima kitu. Basi natupime.

Kwa mkopo wa shilingi 3,000,000, riba asilimia 14, miaka 20, malipo ya kila mwezi ni kama shilingi 37,306. Miezi ya miaka 20 ni 240. Zidisha: jumla ni shilingi 8,953,440. Katika hizo, milioni 3 ndiyo asili ya deni, na shilingi 5,953,440 ni riba. Amechukua deni moja, akalilipa kama mara tatu. Na hapa hatujahesabu arabuni aliyoitoa mwanzo, wala ushuru wa stempu ambao katika Kenya ni asilimia 4 ya thamani mijini na asilimia 2 mashambani, wala ujira wa wakili, wala wa mthamini, wala bima.

Sasa tazama namna deni linavyokwenda, kwani hapa ndipo wengi wanapoghafilika. Mwezi wa kwanza riba ya shilingi 3,000,000 ni shilingi 35,000. Ndugu yetu amelipa 37,306. Kwa hiyo kilichopunguza deni ni shilingi 2,306 tu. Zilizobaki zote zimekwenda kwenye riba. Mwezi wa pili ni vivyo hivyo, illa kwa tofauti ya shilingi chache. Baada ya miaka 5 atakuwa amelipa shilingi 2,238,360, na deni litakalokuwa limesalia ni kama shilingi 2,801,000. Baada ya miaka 10 atakuwa amelipa shilingi 4,476,720, nalo deni lingali kama shilingi 2,403,000. Nusu ya muda imekwisha, na hata robo ya asili ya deni haijalipwa. Nusu ya deni haitakwisha ila katika mwaka wa 16.

Na nini maana yake? Maana yake ni kwamba mtu akifikwa na ugonjwa au akifutwa kazi katika mwaka wa 6, akaambiwa auze nyumba alipe, atakuta karibu deni lote lasimama pale pale lilipokuwa siku ya kwanza. Miaka mitano ya jasho lake imelipa kodi ya fedha, haikununua nyumba.

Muda mrefu ni ghali

Wakopeshaji husema, "Tutakuongezea muda, malipo yawe mepesi." Neno hili ni tamu masikioni. Lakini deni hilo hilo, kwa riba hiyo hiyo, likilipwa kwa miaka 10, malipo ya mwezi ni kama shilingi 46,580, na jumla yake ni shilingi 5,589,600. Basi kwa ajili ya kupunguziwa shilingi 9,274 kila mwezi, mkopaji wa miaka 20 huongeza shilingi 3,363,840 mwishoni. Wepesi wa mwezi huu hununuliwa kwa uzito wa miaka mingi ijayo.

Jambo jengine ni kwamba riba ya mikopo mingi ya nyumba katika Kenya haisimami mahali pamoja. Mwezi Mei 2022 kiwango cha Benki Kuu ya Kenya kilikuwa asilimia 7 kabla hakijaanza kupandishwa. Kufikia Februari 2024 kimefika asilimia 13, na mabenki yakapandisha riba kwa wateja wao. Baadaye kiwango hicho kilianza kushushwa. Serikali iliwahi pia kuweka mpaka wa riba kwa sheria mwaka 2016, na mpaka huo ukaondolewa mwaka 2019. Basi mwenye kukopa kwa miaka 20 hutia sahihi juu ya jambo asilolijua. Chukua mfano wa mwalimu wetu: riba ikipanda kutoka 14 hadi 16 mwanzoni mwa mkopo, riba ya mwezi mmoja peke yake itakuwa shilingi 40,000. Zile shilingi 37,306 zake hazitatosha kulipa hata hiyo riba. Atalipa kila mwezi, na deni litazidi kukua.

Atasema mtu: "Siku hizi iko mikopo nafuu." Ni kweli. Mwaka 2018 iliundwa Kampuni ya Kenya ya Kugharimia Upya Mikopo ya Nyumba, ambayo huyapa mabenki na vyama vya akiba na mikopo fedha za bei nafuu ili wenye kukopa watozwe chini ya asilimia 10. Haya, tufanye asilimia 9 kwa miaka 20: malipo ni kama shilingi 26,992 kwa mwezi, na jumla ni shilingi 6,478,080. Hiyo nafuu nayo ni zaidi ya maradufu ya deni.

Hoja mbili na jawabu zake

Wako wasemao: "Thamani ya nyumba hupanda, basi mkopaji hakosi." Twajibu: huenda ikapanda, na huenda isipande, miji midogo si kama Nairobi. Lakini riba haingoji kuona kama nyumba imepanda au imeshuka. Mkopeshaji ana yakini, na mkopaji ana matumaini. Hasara ikitokea, yote ni ya mmoja.

Wako pia wasemao: "Shilingi ya miaka 20 ijayo si shilingi ya leo, malipo ya mwisho yatakuwa mepesi." Hoja hii ina haki ndani yake, wala hatuikatai. Fedha hupungua nguvu, na mtu alipaye kodi ya nyumba naye hutoa fedha ambazo hazirudi. Mwenye kupima apime na hayo pia. Lakini bei za vitu zinapopanda, riba nayo hupandishwa, kama tulivyoona baina ya 2022 na 2024. Na mshahara wa mwalimu haupandi kwa amri ya mtu anayemdai.

Hukumu ya sheria

Sasa twarejea swali la kwanza. Katika Sura ya al-Baqara, Mwenyezi Mungu ameharimisha riba, akaamrisha kuachwa kilichosalia cha riba, akamwachia mwenye kudai rasilimali yake tu, asidhulumu wala asidhulumiwe. Na mdaiwa akiwa katika dhiki, apewe muhula mpaka apate wasaa. Na katika hadithi iliyopokewa na Imamu Muslim, lawama haikumshukia mla riba peke yake. Imemshukia na mwenye kuilipa, na mwandishi wake, na mashahidi wake. Kwa hivyo asiseme mkopaji, "Mimi sili riba, mimi huliwa tu."

Wapo waliosema kwamba kilichokatazwa ni ile riba ya kuzidi maradufu. Sisi twawaambia: kwanza, aya za al-Baqara hazikumwachia mwenye kudai ila rasilimali. Pili, hebu itazameni tena hesabu ya juu. Milioni 3 imekuwa karibu milioni 9. Ikiwa hiyo si maradufu juu ya maradufu, ni nini?

Baraza la Fiqhi la Kiislamu lililo Jeddah lilikata mwaka 1985 kwamba riba ya mabenki ni riba iliyoharimishwa. Ni kweli kwamba mwaka 1999 Baraza la Fatwa la Ulaya liliwaruhusu Waislamu wa huko, kwa haja, kununua nyumba ya kukaa kwa mkopo wa benki, kwa masharti, na mojawapo ni kuwa hapana njia nyingine. Na wanazuoni wengine waliwapinga. Lakini Kenya njia nyingine ipo. Tangu mwaka 2008 yamefunguliwa mabenki yanayofuata sheria ya Kiislamu. Na hapa kwetu wengi wana ardhi ya wazee wao. Mwenye ardhi na mikono hana dharura ya kumfanya aingie katika riba.

Jina halibadilishi kitu

Lakini nawaonya, ndugu zangu, msidanganyike na majina. Zanzibar ya zamani wenye mashamba ya karafuu walikuwa na hila iliyoitwa bei ya khiyari. Mwenye shamba huchukua fedha kwa tajiri, na katika hati huandikwa kuwa amemuuzia shamba lake, naye ana khiyari ya kulirudisha akilipa. Kisha hubaki shambani mwake kama mpangaji, akamlipa tajiri kodi kila mwaka. Kwa jina ni bei na ijara. Kwa hakika ni mkopo, na ile kodi ndiyo riba yake. Mashamba mengi yaliwaponyoka wenyewe kwa njia ya madeni, hata mwaka 1934 Serikali ikatunga sheria ya kuzuia ardhi za Waarabu na Waafrika zisihamishwe ovyo. Hawakuokolewa na jina la halali waliloliandika juu ya karatasi.

Basi ukienda katika benki ya Kiislamu, uliza. Ikiwa ni murabaha, je, benki inainunua nyumba kwanza ikaimiliki, kisha ndipo ikuuzie? Je, bei imefungwa tangu siku ya kwanza isizidi hata ukichelewa? Ikiwa ni ushirika wa kupunguzana, ambao wewe na benki mwaimiliki nyumba pamoja, ukalipa kodi ya fungu lao na kulinunua kidogo kidogo, je, nyumba ikiungua au ikishuka thamani, nao hubeba fungu lao la hasara? Kisha zidisha malipo kwa miezi, kama tulivyofanya hapa. Halali nayo yaweza kuwa ghali, na mwenye akili huhesabu halali kama ahesabuvyo haramu.

La kufanya

Kwa ndugu yetu mwalimu jawabu letu ni hili: asitie sahihi. Ikiwa mshahara wake waweza kutoa shilingi 37,306 kila mwezi, basi kwa miaka 5 waweza kuweka shilingi 2,238,360. Hata akitoa humo kodi ya nyumba anayokaa sasa, kitakachosalia ni chake. Ajenge katika ardhi yake chumba kwa chumba, msingi mwaka huu, kuta mwaka ujao, mabati ukifika uwezo. Atachelewa kuhamia, lakini kila tofali litakuwa lake, wala hapana dalali atakayeligongea nyundo.

Na walio tayari ndani ya mikopo hii, tusiwakatishe tamaa. Wajaribu kulipa zaidi ya kima cha mwezi kila wapatapo, hasa miaka ya mwanzo, na wahakikishe kwa maandishi kwamba ziada hiyo yapunguza asili ya deni. Wajue pia haki zao: Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 yataka mume au mke akubali kabla nyumba ya ndoa haijawekwa rahani, na yataka mdaiwa apewe ilani ya miezi mitatu alipe, kisha ilani nyingine ya siku 40 kabla ya kuuzwa. Na tangu mwaka 2007 sheria ya mabenki yazuia riba ya deni lililokwama isizidi asili iliyokuwapo siku lilipokwama. Wengi wamepoteza nyumba kwa kuiweka barua ya benki kabatini bila ya kuifungua.

Na sisi jamaa tuna wajibu wetu. Mwenyezi Mungu amewatia wenye madeni katika mafungu manane ya zaka. Mkopo mwema, usiotaka nyongeza, ni sunna iliyosahauliwa. Watu 20 wakiweka kila mmoja shilingi 2,000 kwa mwezi, hupatikana 40,000, zaidi ya kile alichotaka kulipa mwalimu wetu peke yake. Wakampa mmoja leo na mwenziwe kesho, kwa kuandikiana na kushuhudiana kama tulivyoamrishwa, hakuna atakayelipa ila kile alichokichukua. Tukiwaacha ndugu zetu peke yao katika haja, kisha tukawalaumu kwa kwenda kwenye riba, tumefanya nusu ya kazi, tena ile nusu nyepesi.

Twamwomba Mwenyezi Mungu atutosheleze kwa halali yake tusiihitaji haramu, na awaondolee dhiki wenye madeni. Amin.